Wimbo wa Wakati kwenye Zelda: kwa nini kwenye gemu moja haurudishi kitu na kwenye gemu nyingine unarudisha kila kitu

Mimi na binamu yangu tukianza stori za gemu za Zelda lazima tufike kwenye ubishi uleule, yeye anasema Wimbo wa Wakati ndo ulimpeleka Link, yule shujaa unayemchezesha, miaka saba mbele, mimi nasema wimbo haujampeleka mtu popote, na kibaya zaidi kila mmoja anaweza kuwasha gemu akakuonyesha ushahidi wake pale pale kwenye skrini. Tumebishana mpaka shangazi akatuuliza hivi huyo Link anawalipa shilingi ngapi.

Ushahidi wa binamu na wa kwangu unatoka kwenye gemu mbili tofauti, hapo ndo kwenye fumbo. Ocarina of Time ilitoka Novemba 1998 kwenye Nintendo 64, alafu Majora's Mask ikafuata Japani Aprili 2000, miezi 17 tu baadaye. Zote zina Wimbo wa Wakati, jina lilelile, nota zilezile, kijana yuleyule anaupuliza kwenye ala ileile, ila kazi ya wimbo imebadilika kabisa katikati na hakuna mtu aliyesimama kutuambia jamani kuanzia hapa sheria ni nyingine.

Kwa asiyejua, ocarina ni ala ya kupuliza, ya udongo, nene nene hivi kama kiazi kitamu kilichotobolewa matundu. Kwenye gemu ina nota tano tu, re, fa, la, si na re ya juu, moja kwenye batani ya A na nne kwenye zile batani ndogo za njano za kontrola ya Nintendo 64. Koji Kondo aliyetunga muziki ilibidi atengeneze nyimbo zote za kupuliza kwa nota hizo tano, tena ziwe fupi kiasi kwamba mtoto anaweza kuzikariri. Wimbo wa Wakati wenyewe unatumia tatu tu: la, re, fa, alafu tena la, re, fa. Kulia, A, chini, kulia, A, chini. Ukizibonyeza pamoja hizo tatu unapata kodi (chord) ya re maina, ile ya huzuni huzuni, ndo maana hata kama hujui muziki ukiusikia unahisi kuna jambo zito.

Tuanze na ule wa 1998.

Pale Hyrule, ufalme wa kwenye gemu, kuna Hekalu la Wakati, na ndani yake kuna Mlango wa Wakati, jiwe zima, umefungwa. Ili ufunguke unahitaji vito vitatu ambavyo viko kwa watu watatu tofauti, zumaridi iko msituni kwa Wakokiri, rubi iko kwa Wagoron wa milimani, yakuti iko kwa Wazora wa majini. Juu ya hapo unahitaji ocarina ya ukoo wa kifalme, na ukishakuwa navyo vyote unasimama mbele ya altare unapuliza wimbo. Mtu aliyewahi kuwa kwenye kikundi cha VICOBA ataelewa haraka sana, ni lile sanduku la hela lenye kufuli tatu na funguo ziko kwa watu watatu, mmoja akikosekana leo hatukopeshani turudi wiki ijayo. Wimbo hapo ni kufuli ya mwisho. Au uite ibada, kwa sababu una mahali pake, una sadaka zake, una chombo chake maalumu na hauimbwi ovyo.

Alafu sikiliza muziki wa ndani ya lile hekalu. Ni sauti za wanaume wanaimba taratibu bila ala yoyote kama watawa, na kinachoimbwa ni huohuo Wimbo wa Wakati. Yaani umeingia mle ukiwa mtoto hata hujafundishwa wimbo na kuta tayari zinakuimbia. Utafundishwa baadaye, usiku ule binti mfalme Zelda anakimbia na mlinzi wake Impa juu ya farasi na anairusha ocarina kwenye maji ya handaki la ngome, ukiiokota tu unasikia sauti yake inakupa nota sita. Nilipita pale mara ya kwanza bila kustuka kitu, mara ya pili ndo nikakaa nikasema aisee, hawa watu walishatuonyesha jibu kabla ya swali.

Sasa mlango umefunguka, nyuma yake kuna upanga, Master Sword, umechomekwa kwenye jiwe. Link anauchomoa. Hapa ndo watu wote wanaochanganya wanachanganyia. Skrini inakuwa nyeupe, akiamka ni kijana mrefu mwenye sauti nzito na miaka saba imepita, basi mtu anaunganisha: nilipuliza wimbo, nikajikuta mbele, kumbe wimbo ndo umenileta. Hapana. Mzee mmoja wa kwenye gemu, Rauru, anakueleza vizuri tu kwamba upanga ulimwona bado mdogo mno kuwa Shujaa wa Wakati kwa hiyo roho yake ikafungiwa miaka saba mpaka mwili ukakua. Link alilala. Kwa upande huo hata "kusafiri" ni neno kubwa, ni mtu aliyesinzia kwenye daladala akaamshwa na konda mwisho wa gari.

Kurudi nyuma sasa ndo kusafiri kwenyewe, na hiyo nayo ni kazi ya upanga. Unaurudisha kwenye jiwe, unakuwa mtoto, unauchomoa tena, unakuwa mkubwa. Sheik, mhusika anayekuongoza ukiwa mkubwa, mwenyewe anakwambia kwamba upanga ule ni chombo cha kupanda na kushuka mto wa wakati na bandari yake iko hekaluni. Yaani mhusika kasimama kasema kabisa jahazi ni lipi na bandari ni ipi, binamu yangu bado anaendelea kubishana na mimi.

Wimbo ukishafungua mlango kazi inayobaki ni ndogo tu, kuna mawe makubwa ya bluu yenye alama ya hekalu, ukipuliza karibu nayo yanapotea au yanatokea sehemu nyingine, basi. Hata kugeuza mchana kuwa usiku hauwezi, kazi hiyo ina wimbo mwingine kabisa, Wimbo wa Jua, unaupata kwenye kaburi la kifalme pale Kakariko. Kwa hiyo Wimbo wa Wakati wa 1998 hausogezi hata dakika moja! Unaitwa hivyo kwa sababu ni wimbo wa hekalu la wakati, kama vile nyimbo za arusi haziozeshi mtu, wanaoozesha ni wengine.

(Na mchezo wenyewe una ukatili wake. Kufuli zote zile ziliwekwa ili mwovu Ganondorf asiingie, yeye akasubiri tu mtoto mwema akusanye vito, apulize wimbo, afungue, alafu akapita mlango uleule akachukua alichotaka. Mlinzi ndo kamfungulia mwizi.)

Kuna wimbo mmoja pale unaochanganya zaidi na haupati lawama zake. Kwenye kinu cha upepo cha Kakariko kuna jamaa anazungusha kisanduku cha muziki, ukimkuta ukiwa mkubwa ana hasira, anakwambia miaka saba iliyopita katoto fulani kalikuja na ocarina kakapuliza wimbo uliovuruga kinu chake, na anakupigia huo wimbo, Wimbo wa Dhoruba, wewe unaukariri. Unarudi utotoni, unaingia kinuni, unampulizia. Katoto ni wewe. Haya, aliyeutunga nani? Yeye kajifunza kwako, wewe umejifunza kwake. Usikae unatafuta jibu, halipo, ni duara.

Tuhamie Majora's Mask, na hapa binamu ndo anapata haki yake.

Kabla sijaendelea nilalamike kidogo kuhusu tafsiri, maana Kiswahili kinatusaidia hapa kuliko lugha waliyoitumia wenyewe. Sisi tuna wakati na tuna muda. Wakati ni ule mkubwa, wakati wa ukoloni, wakati wa babu, wakati ukifika umefika, hauununui. Muda ni kipande unachoweza kukikata na kukipima, muda wa maongezi, muda wa ziada dakika thelathini, muda umeisha jamani wekeni kalamu chini. Wimbo wa gemu ya kwanza ni wa wakati kwelikweli. Wimbo wa gemu ya pili mimi ningeuita Wimbo wa Muda, na ningeuita hivyo toka mwanzo tusingegombana.

Kwa nini? Kwa sababu kwenye Majora's Mask unapewa kifurushi. Link bado mtoto, kaibiwa ocarina na farasi msituni na Skull Kid aliyevaa kinyago cha Majora, kageuzwa kiumbe cha mti, kaangukia nchi inaitwa Termina ambako mwezi una uso wa hasira na unashuka kuponda mji wa Clock Town baada ya siku tatu. Masaa 72. Kwenye Nintendo 64 saa moja ya gemu ni sekunde 45 za kwetu, piga hesabu, kifurushi kizima ni dakika 54. Hakuna atakayemaliza gemu hiyo kwa dakika 54, haiwezekani, ndo hapo wimbo unaingia.

Mara ya kwanza hata ocarina huna. Unazunguka siku tatu na miguu ya mti, usiku wa mwisho saa sita kamili mnara wa saa unafunguka, unapanda, unamkuta Skull Kid, unampiga na povu, ocarina inamdondoka. Link anaishika, anamkumbuka Zelda siku ile wanaagana, alimwambia kwamba mungu wa kike wa Wakati anamlinda na akipuliza wimbo ule atasaidiwa. Anapuliza. La, re, fa. Saa zinazunguka kinyumenyume na unajikuta chini ya mnara, alfajiri ya siku ya kwanza, masaa 72 yamebaki.

Ona kilichobadilika. Hakuna hekalu, hakuna altare, hakuna vito. Wimbo wa ibada umetoka nje ya ibada, umekuwa wa mfukoni, unaupuliza popote hata kichakani. Alafu nota zenyewe unaanza kuzichezea, kuna yule sanamu wa kufukuza ndege shambani anakupa siri mbili. Ukizipiga kinyume, fa, re, la mara mbili, muda unatembea polepole, kwenye toleo la 2000 unakuwa theluthi ya mwendo wa kawaida, yaani zile dakika 54 zinavutika mpaka 162. Ukiipiga kila nota mara mbili, la la re re fa fa, unaruka mpaka macheo au machweo yanayofuata. Vidole vitatu, kazi tatu: mbele, polepole, rudi mwanzo. Mimi sikuijua ile ya polepole. Nilikuwa nacheza kwenye Switch ya binamu nikaingia hekalu la Woodfall usiku wa siku ya pili nikijiona mjanja, nahangaika na mafumbo, nafika karibu na bosi nikaangalia saa nikaona sitoboi, nikapuliza kwa uoga nikarudi siku ya kwanza, na hekalu likarudi nalo, kila mlango niliofungua umefungwa. Binamu alikaa kimya kama dakika mbili alafu ndo akaniambia kuna wimbo wa kupunguza mwendo.

Maana huo ndo mtego, wimbo unarudisha siku ila una bei. Mishale, mabomu na hela za mfukoni vinapotea. Unabaki na vinyago, nyimbo, upinde, mioyo (yaani uhai wako) na mabaki ya mabosi uliowapiga. Watu wa mji wanakusahau wote. Unayemkumbuka hakukumbuki.

Isipokuwa benki. Hiki kipande nakipenda sana. Pale Clock Town mtu wa benki ukiweka rupee, hela ya kule, anakugonga muhuri wa wino maalumu mwilini, na huo muhuri ndo akaunti yako. Ukirudi siku ya kwanza yeye hakujui kabisa, hajawahi kukuona, ila anaangalia muhuri anakwambia aah kumbe una kiasi fulani hapa. Leja yake haina kitu, mwili wako ndo leja. Ukifikisha rupee 200 anakuzawadia pochi kubwa, 5000 anakupa kipande cha moyo. Kwa hiyo sheria yote ya wimbo iko pale dirishani kwa mtu wa benki: kilichoshikana na mwili wa Link kinavuka, kilichobaki duniani kinafutwa.

Nilipoanza kuitazama hivyo ndo nikaelewa kwa nini stori ya Anju na Kafei inauma. Ni wachumba, arusi iko siku ya sikukuu na sikukuu ni siku ya mwezi kuanguka, bwana harusi kageuzwa mtoto na Skull Kid na kajificha kwa aibu, na kinyago chake cha arusi kaibiwa. Kuwakutanisha ni kazi ya siku zote tatu, saa tano na nusu usiku wa kwanza lazima uwe jikoni kwenye nyumba ya wageni umkute Anju akupe barua, uiposti, tarishi aipeleke, ukosee hatua moja tu imekwisha rudi mwanzo. Ukifaulu yote, Kafei anaingia mlangoni kama saa kumi na nusu alfajiri siku ya mwisho. Imebaki saa moja na nusu. Wanakumbatiana, wanaunganisha vinyago vyao kinakuwa kimoja, wanakupa, alafu wanakwambia wewe nenda sisi tutasubiri asubuhi pamoja. Nje mwezi umejaza anga lote. Na wewe una ocarina mkononi na unajua ukipuliza utapona ila wao wanarudi kuwa watu waliopoteana. Nilipuliza. Sikuwa na namna.

Kitu kingine ambacho nadhani mchezaji wa Kiswahili anakiona bila kufundishwa ni saa zenyewe. Siku ya Termina inaanza alfajiri saa kumi na mbili, usiku unaingia saa kumi na mbili jioni, gemu inakuandikia imebaki 72, ikifika machweo 60, macheo 48, kila kipande masaa kumi na mawili ya mchana na kumi na mawili ya usiku. Hiyo si ndo saa yetu jamani? Wenzetu siku inabadilika katikati ya usiku watu wamelala, sisi tunahesabu toka jua linapochomoza na tena toka linapozama, na wimbo wa kuruka muda unakushusha vituo vilevile, kwenye ile kumi na mbili. Mwezi nao unaanguka saa kumi na mbili kamili asubuhi. Sisemi Nintendo walijifunza kwetu, nasema nilipoacha kutafsiri saa za gemu kichwani na kuzisoma kibongo, ratiba ya watu wa mji ilinikaa haraka zaidi.

Kwa nini waliubadilisha wimbo hivyo? Sababu ni ya kazini kabisa. Walitakiwa watoe gemu nyingine haraka wakitumia sura na vifaa vya ile ya kwanza, chini ya Eiji Aonuma na Yoshiaki Koizumi, na ukiwa na mji mdogo na muda mfupi wa kuutengeneza unafanya nini, unaufanya mchezaji auishi tena na tena. Mwanzo walifikiria mzunguko wa wiki nzima wakapunguza mpaka siku tatu. Sasa mzunguko unahitaji kitu cha kuuzungusha na wimbo wenye jina la wakati ulikuwa tayari kabatini unasubiri. Wakaubebesha na kusevu pia, kwenye toleo la 2000 ukitaka sevu ya kudumu unapuliza wimbo, zile sanamu za bundi zinakushikia nafasi kwa muda tu ukirudi inafutika, mpaka toleo la 3DS la 2015 ndo bundi wakapewa kazi ya kudumu. Kwa hiyo kusevu kwenyewe kulikuwa ni kupoteza.

Na ule mwisho wa gemu ya 1998, ambao nao watu wanautupia wimbo lawama? Baada ya vita Zelda anaichukua ocarina anaipuliza Link arudi utotoni, na hapo ndo hadithi inapasuka, upande mmoja dunia ambayo shujaa kashinda alafu katoweka, upande mwingine dunia ya mtoto aliyerudi na siri. Kitabu rasmi cha 2011 kikaongeza tawi la tatu ambalo shujaa alishindwa vitani. Majora's Mask iko kwenye tawi la mtoto. Yaani huyu anayerudisha siku tatu tatu kule Termina ni mtoto ambaye yeye mwenyewe alisharudishwa miaka saba na mtu mwingine, na hakuna aliyemuuliza kama anataka.

Binamu ana swali moja bado ananibana nalo na sijamjibu mpaka leo. Ukimpiga Majora, yule mwovu wa ndani ya kinyago, kwenye mzunguko ambao hukuwasaidia Anju na Kafei kabisa, lakini kile kinyago cha wanandoa ulishakipata mzunguko wa zamani, majina ya watengenezaji yakianza kupita unaonyeshwa arusi yao. Kengele, watu, kila kitu. Mzunguko huo Kafei hakuna aliyemsaidia, barua haikuandikwa, saa kumi na nusu hakuna mtu aliyeingia mlangoni. Lakini arusi ipo. Binamu anasema ni gemu tu inaangalia begi lako, ina kinyago, inacheza video. Mimi nasema ni kama muhuri wa benki. Tumeishia hapo, shangazi kazima taa.